Nusu Kichwa

Julai, Njombe. Sakitu imelala juu ya viazi
kama chumvi iliyomwagwa na mtu mwenye hasira.
Siku ya tatu umeme haujarudi.
Natembea na mashine kifuani,
chini ya koti, chini ya sweta,
kama mtoto aliyeokota kifaranga.

Mashine isiyo na waya haipendi baridi.
Kijitabu chake hakikusema hilo;
nimelisoma mwenyewe kwenye vichwa vya watu,
siku ilipozimika katikati ya kisogo cha mhasibu
na taa yake bado ya kijani.

Nina desturi zangu. Kila kichwa kikiisha
nafungua meno, napuliza, napitisha brashi
(ni mswaki wa zamani wa mwanangu),
natia tone kushoto, tone kulia, tone katikati,
nawasha, nasikiliza.
Ikivuma kama nyuki aliyeshiba, sawa.
Ikikwaruza, kuna unywele umekwama.
Ikilia kwa sauti nyembamba, parafujo imekazwa mno,
nalegeza robo mzunguko, basi.
Siichaji usiku kucha kama wavivu wa stendi.
Siiachi ife njaa ndiyo niikumbuke.
Ni mnyama mdogo. Nimemfuga mwaka na miezi miwili.

Na bado si wangu.

Mwenye mnyama amelala Uwemba, chumba cha nyuma:
Osmund Ngimbudzi, mpasua mbao,
paini lilimwangukia mguu mwezi wa tano.
Elfu tisini alinipa, bila karatasi, bila shahidi.
"Utalipa kwa vichwa," alisema,
"changu, na vya wanangu wanne."
Nyuma ya mlango wa saluni kuna mistari ya chaki;
kila kichwa, nafuta mmoja.
Imebaki kumi na moja.

Kesho washenga wanakuja kwa binti yake.
Hawezi kuwapokea akiwa kichaka.

Nikamfunga shuka shingoni. Namba mbili.
Nikaanzia sikio la kulia, nikapanda;
mvi zikaanguka, nami naapa
bado zilinukia utomvu.
Nilipofika utosini, mashine ikakohoa,
ikang'ata unywele, ikamvuta nao.
Akatamka neno la Kibena ambalo siliandiki hapa.
Kisha ikafa.

Kulia, bwana harusi.
Kushoto, msitu wa serikali.

"Lete," akasema, mkono wazi.
Nikajua: anachukua mali yake, na haki anayo.
Akaifuta kwa kiganja, akaitia kwapani,
chini ya mablanketi matatu, akafumba macho.
"Chenso yangu nayo asubuhi ilikuwa hivyohivyo.
Ukiitukana, ndiyo haiwaki."

Tukakaa. Mkewe akaleta chai na viazi vya kuchemsha.
Hatukuutaja mguu. Hatukuitaja ile kumi na moja.
Tuliongea bei ya mbao,
na jinsi mti unavyotoa mlio kabla ya kuanguka,
mlio mdogo, akasema, kama mlango wa kabati,
na siku ile upepo ulikuwa mwingi, hakuusikia.

Alipoitoa ilikuwa na joto la mtu.
Nikabonyeza.
Taa nyekundu ikapepesa kama anayeamshwa kwa lazima,
halafu nyuki wangu huyo!

Dakika nne, labda tano. Nilinyoa bila kupumua:
kushoto, kisogo, ukingo wa shingo.
Ikazima tena, na nyuma ya sikio
kikabaki kishungi cha ukubwa wa kucha.
Nikaomba mkasi. Waliokuwa nao
ulikuwa wa manyoya ya kondoo.
Akajipapasa kichwa, akakipata,
akacheka mpaka mguu ukamuuma.
"Hiki si kichwa," akasema. "Andika nusu."

Usiku, saluni, kibatari.
Nikafungua meno, nikapitisha brashi,
tone, tone, tone,
ingawa haikuwa na pumzi ya kunijibu.
Kisha nikasimama mbele ya mlango,
kidole kimelowa mate,
nikitafuta katikati ya mstari.