Mtoboa Tiketi

Jina lake lilikuja mwisho, kwa herufi ndogo,
baada ya mpishi na mwenye farasi,
na baba hakutuachia tuzime mpaka lipite:
Ewald Kranzow.
"Lisomeni," akisema. "Mtu wa watu huyo."
Nasi huku Ruwi, ghorofa ya pili, juu ya duka la matairi,
kiyoyozi kikikohoa kama mgonjwa wa kifua,
tukalisoma kwa pamoja, kwa sauti ya chuoni.

Miaka arobaini hakuwa mkuu wa mchezo hata siku moja.
Alikuwa daktari anayesema, "Poleni, mmechelewa."
Alikuwa karani, padri mwenye mafua,
jirani wa kuchungulia,
na mara tatu maiti.
Filamu moja walimpa mbwa; akasifiwa mbwa.
Shavu lake moja limelala, na ana namna ya kuvua kofia
kana kwamba ndani mna yai.

Baba alimjua. Yaani,
na hapo mama hucheka,
walikaa behewa moja saa nane za mchana mmoja,
Leipzig, theluji, mwaka wa sitini na saba,
baba mwanafunzi wa uhandisi kutoka Unguja,
koti la kuazima, mfukoni hana kitu.
Walihitaji watu wa kujaza viti.
Wakampa supu, mkate, na tiketi ya uongo.

Kanda ilitufikia kwa mtu aliyetoka Dubai,
haina jalada, imeandikwa kwa kalamu: *Treni*.
Dakika ya hamsini na moja mlango unafunguka.
Kranzow anaingia na koleo lake,
na pembeni mwa kioo unatokeza mkono.
Mkono tu. Mwembamba, mweusi, saa imevaliwa kulia.
Koleo: ta!
Anainua macho, anamtazama tusiyemwona,
anagusa kofia, anapita.
Basi. Sekunde nne.
"Ile kofia haikuandikwa," baba alisema kila mara.
"Aliambiwa atoboe apite. Kofia kaigusa kwa roho yake."

Tuliirudisha nyuma mpaka kanda ikachoka hapo hapo,
mikwaruzo ikawa inamvua Mjerumani uso,
mwishowe mashine ikaitafuna.
Yarub akajaribu kuiunga kwa gundi ya viatu.

Vyeti vya baba, hapa Maskati, hakuna aliyeweza kuvisoma.
Akahesabu makontena bandarini Matrah
miaka ishirini na miwili, jua la kukaanga yai,
akigonga muhuri karatasi za watu wengine.
Madereva wakimpenda. Sikuuliza kwa nini.

Kranzow sijui kama yu hai.
Baba tulimwosha Juni, asubuhi na mapema, joto lishapanda.
Ami Humud alimimina, mimi nilisugua,
tukaanza kulia kama inavyopasa:
kiganja, vidole, kifundo,
ile alama nyeupe ya saa.
"Taratibu," akaniambia, "bado anasikia."
Nikautoa mkono nje ya shuka ili maji yafike chini,
nikausahau kidogo, nikageuka kuchukua kata,
na nilipotazama tena
ulikuwa bado umenyooka ukingoni mwa kitanda,
vidole viwili vimekutana,
kama una kitu cha kumpa mtu.