Aya ya Saba

Karatasi ilikuja ndani ya bahasha ya eksirei,
ndiyo pekee nyumbani iliyoitosha.
Bibi Ndekusura ameshuka nayo kutoka Uru,
asubuhi ya manyunyu, mlima umejifunika gubigubi,
akaiweka mezani, kando ya mashine ya fotokopi.
"Hii nimeshasomewa," akasema. "Nataka neno moja tu."

Kidole chake kina utomvu wa migomba,
ule mweusi ambao sabuni imeukatia tamaa.
Kikatua aya ya saba:
neno la Kiingereza, herufi kumi na moja,
r mbili zimesimama karibu na mlango
kama askari wa benki.

Mimi hutafsiri kwa ukurasa, shilingi elfu nane.
Neno moja sina bei yake.

Nikaandika kwa penseli: *isiyobatilika*.
Akasema hilo ni la redio.
Nikafuta. *Isiyotenguka.*
"Mguu wangu uliteguka Pasaka,
fundi wa Kiborloni akaurudisha."
*Ya kudumu*, nikajaribu.
"Hivyo ndivyo walivyosema kuhusu maji ya bomba."

Sikumjibu. Nilikuwa nawaza
jinsi lugha yetu ilivyo lugha ya kughairi.
Tunafunga, tunafungua.
Tunaanika kahawa, wingu likitanda tunaanua.
Mtego una kuteguliwa, fumbo lina kufumbuliwa,
ki-u kidogo kinapenya mkiani mwa kitendo
na kukirudisha kilikotoka.
Ila viko vitenzi visivyo na mlango wa uani.
Kuchinja.
Kuapa.
Kuuza: hakuna kuuzua, nimetazama kamusi mbili.
Kuzika nako. Kufukua kupo, ndiyo,
lakini anayefukuliwa si yule aliyezikwa.

Nikamwambia: "Bibi, ndani ya neno hili, zamani sana,
palikuwa na sauti ya mtu anaita.
Ni kitu ambacho ukishakiachia
utaita, utaita,
hakigeuki."

Mashine ikatema vyeti vya mtu mwingine,
vya moto, kimoja juu ya kingine.

"Kama Aminieli," akasema.
Ndiye aliyeileta. Anataka mkopo wa malori,
na benki inataka kihamba, na kihamba kinataka dole gumba la mama.
"Alipokuwa mdogo ungemwita kule mfongoni
akaitika kabla jina halijaisha.
Siku hizi simu inalia mpaka inachoka."

Akahesabu, si kwangu, kwa vidole:
migomba mia na ushei,
mibuni aliyoikuta akiwa bi harusi,
makaburi matatu, la nne ameshalipimia mahali pake.
Na masale mpakani.

"Unajua sale," akaniuliza, ingawa anajua najua.
Umemkosea mtu, umemtusi mkweo,
unakata jani, unalifunga fundo, unapeleka.
Aliyekosewa akiliona, hasira haina pa kukaa.
Na ni sale hilohilo
linalosimama kwenye mpaka na kichwani pa kaburi
likisema: hapa, usivuke.
Jani moja. Linasamehe na linakataza.

"Sasa benki," akasema, "ukiikosea unaipelekea nini?"

Nikaitazama penseli yangu.
Pedi ya wino ilikuwa wazi karibu na kiwiko chake,
zambarau, inaanza kukauka pembeni.
Hakuigusa. Wala hakuisukuma mbali.
Akairudisha karatasi kwenye bahasha, polepole,
mahali palipowahi kulala picha ya mbavu zake,
akaifunga ndani ya kitenge
na kuniachia elfu moja ambayo sikuiomba.

Neno bado liko kwenye karatasi yangu ya rafu,
limefutwa mara tatu, pamebaki kama jeraha la mkwaruzo.
Sijalipata.

Alikuwa ameshafika barabarani nilipouona mwavuli wake
umeegemea kiti.
"Bibi!" nikapiga kelele, mvua ikinizidi sauti. "Bibi Ndekusura!"

Akageuka.