Asilimia Thelathini na Tano

Nyumbani kwetu Hamadani hatupiki kitunguu saumu.
Mgeni akiuliza, mama hujibu, "Hakitupendi,"
akageuza maongezi kama ageuzavyo mkate,
kwa ncha za vidole.

Baba alisimulia mara moja tu.
Alfajiri, handakini, harufu ya kitunguu saumu,
na kijana Siyavash wa Yazdi akicheka:
"Nani huyo anatupikia mapema hivi?"
Barakoa ya baba haikushika. Ndevu zilizuia.
Kufika adhuhuri Siyavash alikuwa akiuliza
mbona usiku umerudi.

Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe.
Huyu ana miaka thelathini na sita kifuani mwa baba
na jembe alijitwalia mwenyewe.
Hulima usiku.
Namsikia ng'ambo ya ukuta: kwaru, kwaru,
kisha kimya, nami nabana pumzi yangu
mpaka ile ya baba irudi.
Mtungi wa oksijeni unafoka kando ya kitanda
kama birika lisilofika kuchemka.
Mama hulala ameketi, kiganja mgongoni pa mumewe.

Juzi nilimpeleka mbele ya jopo la madaktari.
Ngazi hamsini na mbili; lifti mbovu.
Puliza hapa, mzee. Tena. Tena.
Wakaandika: majeruhi, asilimia thelathini na tano.
Mwaka jana ilikuwa arobaini.
Nikamwuliza karani, "Hizi tano zimeponea wapi?
Jichoni? Kwenye ngozi ya kwapa?
Au ni sauti, maana zamani aliadhini?"
Karani akagonga muhuri.
"Anayefuata."

Njiani baba akaniomba nisimame sokoni.
Nilidhani anataka maji.

Kesho yake ilikuwa Mwaka Mpya. Mezani huwekwa
vitu saba vya herufi sini: siki, somaki,
sarafu, ngano iliyochipua kwenye sahani...
Kwetu tangu nizaliwe ni sita,
na hakuna mtoto aliyethubutu kuhesabu kwa sauti.

Baba akachomoa mfukoni karatasi ya jopo,
imeviringishwa, ina muhuri.
Ndani, kichwa kimoja cha kitunguu saumu.
Akakiweka baina ya sarafu na siki.
"Hii," akasema, akaitafuta pumzi, akaikosa, akaipata,
"hii ndiyo tano yangu."

Alikohoa hadi kulipopambazuka.
Mama alifungua madirisha yote, theluji ikaingia.
Kitunguu hakikuguswa na mtu.