Vifo vya Mjomba Mselem

Mjomba wangu Mselem Shaame, wa Wete,
alikufa mara arubaini na moja
kabla ya kufa.
Nimehesabu mwenyewe. Tisa kwa upanga,
kimoja kwa nyoka wa mpira
aliyechakaa hata watoto sinemani wakamzomea,
vingi kwa kuanguka: ngazini, farasini,
juu ya ukuta wa ngome uliokuwa ubao
uliopakwa rangi ya jiwe.
Vingine sikuviona, aliniandikia tu:
"Jana nimeuawa tena, alhamdulillahi, wamelipa."

Alishuka melini Napoli kung'oa jino,
meli ikamwacha.
Mtu mmoja akautazama urefu wake,
akalitazama kovu la shavuni
(tawi la mkarafuu, utotoni, lilimkatikia)
akamwuliza: waweza kusimama nyuma ya mfalme
bila kucheka?
Aliweza.
Akasimama nyuma ya wafalme miaka ishirini.
Mlinzi. Mnyongaji. Mtumishi wa maiti
anayelala jenezani mchana.
Shehe wa jangwa ambalo mchanga wake uliletwa kwa lori.
Jina wakalikata, akawa Max Selmi,
siku nyingine "Mlinzi wa Tatu",
siku nyingine hayumo.
Na sauti si yake. Mtu wa Roma, mfupi, mwenye pumu,
aliingia chumba cha giza baadaye kumsemea.
"Wewe sema lolote," walimwambia, "mdomo ucheze tu."
Basi akawa anahesabu, moja hadi kumi na tatu,
kwa hasira.

Isipokuwa mara moja.

Filamu ile ilifika Wete miaka mitatu baadaye,
imekatikakatika, imeungwaungwa kwa gundi,
katikati ya msimu.
Mama yangu, Bi Mize, hajapata kuingia sinema.
Majirani wakamkokota: njoo umwone nduguyo.
Akakaa na buibui lake kama yuko matangani.
Mjomba alikuwa mchawi, manyoya kichwani, majivu usoni.
Bibi wa Kizungu kafungwa nguzoni, analia.
Mbingu ikanguruma (ni bati tu,
kijana analitikisa nyuma ya pazia)
na mjomba akashtuka, akainua uso,
akaisahau kamera, akaisahau kumi na tatu yake,
akapiga ukelele:
"Mize! Mize we! Anua karafuu, mvua yaja!"

Kule waliona ni laana. Wakaipenda,
wakaiacha kama ilivyo.
Bibi wa Kizungu akazimia.
Wete, safu tatu nzima ziliinuka
zikakimbilia mlangoni.
Mama peke yake hakujongea.
Akamjibu pale pale, ukutani:
"Nishaanua, kaka. Zi ndani."

Kisha kijana wa nywele za dhahabu akamchoma mkuki.
Kifo cha ishirini na sita, kizuri, sisemi uongo,
alianguka polepole kama mtu anayetandika jamvi.
"Huyu kijana hakulelewa," mama alisema,
akaondoka kabla ya harusi ya mwisho.

Kile cha arubaini na mbili hakikuwa na bati.
Chumba cha ghorofa ya tano, mapafu, mwezi wa Januari.
Hakuna aliyesema "kata".
Hakuna aliyempigia kofi begani: inuka, chakula tayari.
Tulimsomea khitima, na maalim akalitaja jina lote,
Mselem bin Shaame bin Faki bin Mbwana,
hakulikata popote.

Khelef, mwendesha mashine,
alikuwa kakinyofoa kipande kile
kabla ya kuurudisha mkanda Unguja. Wizi, naam.
Kimo ndani ya bati la halua, juu ya kabati la mama.
Picha saba. Ukizielekeza juani
utawaona wajomba saba, wadogo kama kucha,
wanapiga kelele kimya.
Ile ya tano midomo imefumbwa.
Mama asema hapo ndipo alipoanza kuita Mize.
Mie nasema ni mvua.
Hatujaafikiana.