Chupa za Omrisk

Kule Omrisk, kusikoyeyuka theluji,
kila mwaka mwanafunzi huacha neno moja:
hulinong'oneza chupani, huziba kwa nta,
halitamki tena maisha.
(Kuandika je? Bado wanabishana.)
Kinachobaki, husema wakuu, ndicho kilichopo.

Mimi nilianza kibahili: "kiroboto", kisha "kwikwi".
Thevrun, mwalimu wangu, alikwishaacha "mimi",
"kesho", hata jina la mkewe.
Alibakiwa na "chumvi".
Akifurahi, chumvi. Akiumwa, chumvi.

Usiku alipokuwa akikata roho nilipanda ghalani,
nikabandua nta ya chupa yenye vumbi kuliko zote,
nikaitega sikioni mwake.

Alitabasamu? Taa ilikuwa hafifu.
Chumvi, alisema, polepole,
kama mtu anayeita mtu.

Kitu kikanikaba kooni hadi alfajiri,
nami sikuwa tena na neno la kukiita.