Bila Matangazo

Jumanne, saa mbili usiku, Duluth ikigeuka barafu,
mama alirudi kutoka kufua mashuka ya hospitali,
akatumbukiza miguu katika beseni la maji moto,
akasema, "Washa."
Na mtu asifumbue kinywa
mpaka Delphine na bintiye wamalize kugombana.

Tulizungumza wakati wa matangazo.
Kati ya sabuni na matairi ya theluji
nilimwambia nimefeli hesabu.
Kati ya dawa ya kikohozi na bima
aliniambia baba harudi,
mbio mbio, kabla lile jiko lao halijawaka tena kwenye kioo.
Dakika mbili na nusu.
Mazito yote ya nyumba yetu yalipimwa humo,
haba na haba, na kibaba hakikujaa.

Sasa, miaka kumi na tisa baadaye, tamthilia wameirudisha.
Nimeendesha gari saa nne kutoka Fargo
na mkate wa iliki ambao hajaugusa.
Beseni ni lile lile, ufa umezibwa kwa gundi.

"Birika silo," anasema, hata picha haijatulia.
"Lao lilikuwa na mkono mwekundu."
Jiko wamelijenga upya, kabati kwa kabati,
ila dirisha limehamia kushoto,
na kiti cha babu kimeachwa kitupu, hakuna anayekitaja.
Wren, yule aliyetoroka kwa baiskeli,
anatafuta miwani ya kusomea.
Na Delphine, niliyemchukia usiku alipochoma zile barua,
alikuwa na miaka thelathini na minne!
Mtoto. Leo namzidi kwa saba,
na barua zile, nadhani, ningezichoma mimi.

Sehemu ya kwanza inamwagikia ya pili.
Hakuna sabuni, hakuna matairi,
hakuna upenyo wa kupitisha neno.
Vidole vya mama vinahesabu kitu juu ya goti.
Ana jambo.
Nami ninalo, limenikaa kooni tangu Fargo.

Nabonyeza.
Delphine anaganda, mdomo wazi, kijiko hewani.
"Imeharibika?"
"Matangazo," namjibu.

Anayatazama maji, yamekwisha kupoa.
Anavuta taulo, halafu analiacha.
"Basi tuna dakika mbili," anasema.
"Anza wewe."