Kidevu, kwa Kigiriki

Kwenye fomu ya hospitali, Thesalonike,
daktari Kaliroi aliandika neno refu kama treni ya mizigo:
jenioplastia.
Nililisoma mara tatu. Baba akavua miwani.

"Hili letu," akasema. "Likate katikati.
Jenio, kidevu; na ndevu pia, nyumba moja.
Plastia, kufinyanga."
Akatazama kucha zake,
udongo wa Sifno haujatoka tangu Pasaka.

Miaka arobaini kawachongea watu midomo ya mitungi,
na bintiye akatokea na uso unaoishia mdomoni.
Mfinyanzi hulia gaeni.

Daktari akaeleza: hatuongezi kitu.
Msumeno mwembamba unapitia ndani ya mdomo,
mfupa unakatwa, unasogezwa mbele milimita saba,
unafungwa kwa bamba la titani na skrubu nne.
Ndiyo maana ya neno. Weka sahihi hapa.

Baba akauliza kama tanuri lipo.
Nilicheka peke yangu,
kiganja mdomoni, nilivyozoea kucheka.

Wiki ya tatu uvimbe ulishuka.
Baba hakunitazama usoni.
Alinyoosha dole gumba, akalipitisha chini ya kidevu
polepole,
kama anayekagua ukingo wa mtungi uliotoka motoni,
akarudi palipoungwa, akasimama.
"Huyu mwanamke," akasema, "anajua kazi."

Ganzi ilikuwa haijaisha; dole sikulihisi.
Nilisikia tu harufu ya udongo.